Barua ya wazi kwa mnaoshika fedha, vibali na kumbi za filamu: lipieni siku, msilipie kurasa

Waheshimiwa wasimamizi wa mifuko ya filamu, maofisa wa vibali, wateuzi wa matamasha, wenye kumbi na watunza hifadhi,

YAH: TARATIBU ZENU NA FILAMU ZA MAJARIBIO ZA MAISHA YA KILA SIKU

Husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Tunaoandika ni watu wa kazi. Kati yetu wapo wanaoshika kamera, wanaonasa sauti, wanaohariri, wanaoendesha projekta na wanaopanga makopo ya filamu kwenye rafu. Hatuji na kilio cha kwamba sanaa haithaminiwi; hicho mmekisikia hadi kimewachosha. Tuna jambo moja tu. Mtu anayetengeneza peke yake filamu ya majaribio kuhusu maisha ya eneo moja anahitaji siku nyingi na vifaa vichache. Taratibu zenu humpa vifaa vingi na siku chache, kisha zinashangaa kwa nini filamu yake imekuja nusu.

Neno lenyewe tayari linaponza. "Majaribio" kwa masikio ya wengi ni kazi ya mwanafunzi, kitu cha kujipima kabla ya filamu yenyewe, na ndiyo maana kwenye mafungu yenu kazi hizi hutupwa kapu moja na za wanaoanza. Kinachojaribiwa ni umbo: picha ikisimama dakika kumi bila kukatwa itakuwaje? Sauti ikitengana na picha? Mpangilio ukifuata ratiba ya basi badala ya kisa? Mtu anaweza kuwa na miaka thelathini kazini na bado akawa anajaribu. Margaret Tait, mzaliwa wa Kirkwall katika visiwa vya Orkney, Uskoti, alitengeneza filamu fupi zaidi ya 30 kuanzia miaka ya 1950, nyingi kwa fedha zake mwenyewe, akipiga mitaa, watu na nyasi za kwao. Filamu yake ndefu ya kwanza, ambayo ndiyo ikawa ya pekee, ilitoka mwaka 1992 akiwa ameshapita miaka 70. Yeye alikuwa daktari, angalau alikuwa na pa kushika. Tuendelee.

Fomu ya kuomba ruzuku huuliza muhtasari wa hadithi, mhusika mkuu, mgogoro na namna mgogoro utakavyotatuliwa, halafu skripti ya kurasa 80 au 90. Anayetaka kupiga njia panda moja kwa mwaka mzima hana majibu hayo, kwa hiyo anayatunga. Anabuni kijana anayetaka kuhama na baba anayemkatalia. Mfuko unakubali, mkataba unasainiwa, na ule uongo mdogo unakuwa kiambatanisho namba moja. Miezi sita baadaye kijana wa kweli aliyeandikwa pale amepata kazi, ametulia, hana mpango wa kwenda popote. Ripoti ya maendeleo inadai ahame. Mtengenezaji amwigizishe au avunje mkataba. Wengi huigizisha, na kwenye skrini inaonekana wazi. Mtu aliyekuwa akifunga mlango wake kwa namna yake ya miaka yote sasa anaufunga huku akisubiri kuambiwa "basi, inatosha".

Badala ya hizo kurasa 90, ombeni karatasi mbili na dakika tano.

Karatasi mbili ziseme mipaka ya mahali, kutoka wapi hadi wapi, na kanuni ya kazi. Kanuni ni kitu kama hiki: shoti moja kila siku, saa ileile, lenzi ileile, kwa siku 90. Au: roli moja ya filamu kwa kila nyumba, isizidi wala kupungua. Au: kila picha iambatane na sauti ya kitu kisichoonekana ndani yake. Kanuni hukaguliwa vizuri kuliko hadithi. Mkaguzi anaweza kuuliza kama mwanga wa saa hiyo utakuwepo msimu wote, kama siku zinatosha, kama bajeti inaendana na idadi ya roli. Kwenye hadithi anabaki kuuliza kama imemgusa.

Dakika tano ziwe mfululizo, zimepigwa palepale, hazijahaririwa, na sauti yake ya asili. Ndani ya dakika tano utajua kama mwombaji anaweza kusubiri, kama upeo wa macho umelala sawa, kama upepo umeharibu maikrofoni, na kama watu walio kwenye fremu wamemzoea au wanamkwepa. Trela ya sekunde 90 yenye muziki juu yake inaficha yote haya, na hiyo ndiyo kazi ya trela.

Sasa siku. Wiki ya kwanza watu huigiza, hata wasipoombwa. Hunyoosha shati, hukaa kama wanapigwa picha ya kumbukumbu, husimamisha maongezi kamera inapogeuka. Wiki ya pili wanaanza kuchoka kumwangalia mtu mwenye stendi ya kamera aliyeganda pale kama mti. Kinachofaa kwa filamu huanzia hapo, na hapo ndipo mara nyingi siku mlizolipia zinakwisha. Zaidi ya hayo, mahali pamoja wakati wa mvua na wakati wa kiangazi ni sehemu mbili tofauti: vivuli vinalala kwingine, watu wanapita upande mwingine wa barabara, sauti ya paa inameza kila kitu. Ratiba ya siku 12 mfululizo inatoa filamu ya hali ya hewa ya siku 12.

Kisha kuna siku za kupima vifaa, ambazo hatujawahi kuona zikipewa kifungu kwenye bajeti. Karakana au duka lenye taa za umeme hutoa mistari inayotembea kwenye picha endapo kasi ya shata, yaani muda kamera inaofunguka kupokea mwanga wa kila picha, haikubaliani na umeme wa mahali hapo: umeme wa hezi 50 unataka shata ya 1/50 au 1/100 ya sekunde, wa hezi 60 unataka 1/60 au 1/120. Taa za LED za bei nafuu wakati mwingine hazitulii kwa shata yoyote. Inabidi mtu asogee dirishani au aombe taa izimwe. Jokofu linanguruma kwa masafa ambayo sikio limeshayazoea na maikrofoni haijayazoea. Kifuniko cha sponji pekee hakizuii upepo wa uwanja wazi. Kinatakiwa kile chenye manyoya. Mambo haya hugunduliwa kwa kwenda, kupiga, kurudi na kusikiliza kwa hedifoni. Tengeni siku tatu kabla ya kazi yenyewe. Zitapunguza marudio mengi baadaye.

Anayepiga kwa filamu ya milimita 16 ana hesabu kali zaidi, na tunaomba wakaguzi waijue kabla ya kukata mistari ya bajeti. Roli ya futi 100 ina fremu, yaani picha mojamoja, 4,000. Kwa fremu 24 kwa sekunde ni dakika 2 na sekunde 46 hivi. Kamera ya springi kama Bolex, ikikazwa hadi mwisho, hukimbia takriban sekunde 28 kisha husimama. Urefu wa shoti umeshaamuliwa na springi. Anayetaka shoti ya dakika kumi anahitaji kamera ya mota na roli ya futi 400, inayokwenda dakika 11. Mtengenezaji filamu wa Marekani James Benning alikijenga kipimo hicho ndani ya filamu yake 13 Lakes ya mwaka 2004: maziwa 13, shoti 13, kila moja dakika kumi hivi, kamera haisogei. Mkaguzi anayeandika pembeni "shoti zifupishwe" kwenye mradi wa namna hiyo anaomba filamu nyingine, ambayo hakuna aliyeomba kuitengeneza.

Roli 40 za futi 100 ni kama dakika 111 za picha. Ukitumia dakika moja kati ya nne, ambayo ni nidhamu kubwa, unabaki na filamu ya dakika 28 hivi. Kwa hiyo mwombaji akiandika roli 40 kwa filamu ya nusu saa, hajaongeza chumvi.

Wa kidijitali naye ana mzigo wake, ila umejificha. Kwa filamu ya saa moja ya maisha ya kila siku, saa 30 za picha ni jambo la kawaida. Kwa megabiti 100 kwa sekunde kila saa hula gigabaiti 45. Saa 30 ni gigabaiti 1,350. Nakala tatu, zaidi ya terabaiti 4. Fomu zenu zina kifungu cha kukodi kamera na lenzi, hazina kifungu cha diski. Matokeo yake mtu ana kamera nzuri ya kukodi na nakala moja tu kwenye diski ya zamani inayogonga. Na kuziangalia tu hizo saa 30, ukisimama kuandika kilichomo, huchukua takriban saa 60. Ni siku nane za kazi kabla shoti ya kwanza haijakatwa, na siku hizo hakuna anayezilipia kwa sababu kwenye mpango wenu "uhariri" unaanza mtu akishaanza kuunganisha.

Tuseme kidogo kuhusu awamu za malipo, maana hapa fedha huharibu picha moja kwa moja. Filamu iliyopigwa na bado haijasafishwa maabara ina picha isiyoonekana, nayo hufifia polepole. Joto na unyevu huharakisha. Rangi zinahama, weusi unageuka kijivu. Mkataba unaoshikilia fedha za maabara hadi ripoti ya kati ipitishwe na kikao huwaacha watu na mifuko ya roli zilizopigwa zikingoja miezi minne kabatini. Toeni fedha za maabara pamoja na fedha za kununua filamu, siku ileile. Roli zikisafirishwa kwa ndege, zisiingie kamwe kwenye mizigo ya chini ya ndege, kwa sababu mashine za huko zina mionzi mikali inayochoma filamu ambayo haijasafishwa. Ziende mkononi pamoja na barua ya kuomba zikaguliwe kwa mkono. Barua hiyo ikiwa na muhuri wa ofisi yenu inasikilizwa. Ya mtengenezaji mwenyewe mara nyingi haisikilizwi. Ni karatasi moja, haiwagharimu kitu.

Kifungu kingine kisichokuwepo ni cha watu wanaopigwa picha. Mwigizaji analipwa na mtaalamu wa mahojiano analipwa, lakini fundi aliyekubali kamera ikae karakana kwake wiki tatu, akiwaeleza wateja kila siku kwamba ni salama kuingia, anaandikiwa "shukrani". Tunajua hoja ya upande wa pili, kwamba malipo hubadilisha tabia. Hubadilisha kweli pale yanapolipwa kwa shoti, kwa sababu mtu ataanza kukuzalishia shoti. Yakilipwa kama fidia ya muda, kiwango kimoja kwa wote, kilichotangazwa tangu mwanzo, hayana shida hiyo.

Ridhaa nayo msiidai kwa karatasi moja siku ya kwanza. Siku ya kwanza mtu hajui anakubali nini. Utaratibu unaofaa ni wa hatua mbili. Kwanza anakubali kupigwa picha na anaambiwa kwa lugha anayoielewa kwamba anaweza kujitoa hadi tarehe fulani. Pili, filamu ikiwa imekaribia kukamilika, anaonyeshwa sehemu zake na kukubali zitumike. Hatua ya pili inahitaji safari ya kurudi, skrini ndogo, spika mbili na siku kadhaa. Iandikwe kwenye bajeti. Mtu akikataa kwenye hatua hiyo, shoti inatoka. Kwa filamu ya hadithi hilo ni msiba, kwa filamu ya mahali mara nyingi kuna shoti nyingine ya mlango uleule.

Kwenu maofisa wa vibali: maombi yenu yanataka orodha ya maeneo, tarehe, saa na skripti, kwa sababu yameandikwa kwa ajili ya watu 40 wenye malori, jenereta na barabara ya kufunga. Mtu mmoja au wawili wenye stendi moja, bila taa, bila kuziba njia, hawasababishi hatari hizo. Wapeni kibali chepesi cha miezi 12, kinachotaja eneo badala ya siku, chenye picha ya mhusika na namba ya simu ya ofisi ambayo askari wa zamu anaweza kupiga na ikapokelewa. Hilo la mwisho ni kubwa kuliko linavyoonekana. Kibali ambacho hakuna wa kukithibitisha saa kumi na mbili asubuhi ni karatasi tu, na saa kumi na mbili asubuhi ndiyo mwanga wenyewe.

Na kibali kisiwe cha mtu mmoja asiye na msaidizi. Bolex inapiga kelele kama cherehani. Sauti hainaswi wakati kamera inakimbia. Inanaswa baadaye, palepale, saa ileile, angalau dakika tano bila mtu kusogea. Mtu wa pili ndiye anayekaa na kinasa sauti wakati wa kwanza anahamisha stendi. Tumeona vibali vinavyomruhusu mpiga picha na kumzuia mnasa sauti kwa kuwa "idadi imezidi".

Wateuzi wa matamasha, tunajua mna mamia ya filamu za kuangalia na usiku ni mfupi. Lakini kiungo cha intaneti kinapobana picha, chembechembe za filamu na majani yanayotikisika hugeuka vipande vya mraba, kwa sababu mfumo wa kubana unahifadhi kisichobadilika na kutupa kinachobadilika kila mahali kwa wakati mmoja. Shoti tulivu ya shamba ndiyo inayoumia zaidi. Ikionekana kama tope kwenye kompyuta mpakato, ombeni faili kubwa kabla ya kukataa. Angalieni dakika kumi za kwanza bila kuruka, na hedifoni masikioni. Kuruka mbele kwenye filamu ya kusubiri ni kuonja mate badala ya chakula. Na ondoeni lile shimo katikati ya kategoria: Academy ya Hollywood, inayotoa tuzo za Oscar, inahesabu filamu fupi hadi dakika 40, matamasha mengi yanaanza filamu ndefu dakika 60 au 70, na filamu ya dakika 47 haina mlango. Watu huiongeza dakika 13 za maji ili iingie. Huwa tunazitambua.

Kumbi. Filamu iliyopigwa kwa fremu 18 kwa sekunde ikiendeshwa kwa 24, dakika kumi zinakuwa saba na nusu, na watu wanatembea kama wanakimbizwa. Filamu ya uwiano wa 4 kwa 3, upana kwa kimo, ikijazwa skrini pana, vichwa na miguu hukatwa. Na kwenye filamu ya mikono inayofanya kazi chini ya fremu, kilichokatwa ndicho filamu yenyewe. Kwenye faili la sinema la kiwango cha 2K picha yenye upana mara 1.37 ya kimo chake inakaa pikseli 1480 kwa 1080 katikati ya fremu yenye upana wa pikseli 1998, na mistari myeusi kila upande. Mistari hiyo si kosa, msiivute. Kwa projekta ya milimita 16, lango ambamo filamu hupita mbele ya taa lisafishwe kwa brashi laini kabla ya kila roli, vitanzi vya filamu juu na chini yake viachwe saizi sahihi, maana kitanzi kikibanwa picha inaruka na matundu yanachanika. Kila nakala iende na karatasi moja kwa mwendesha projekta: urefu, kasi, uwiano, kiwango cha sauti, na neno HAINA SAUTI kwa herufi kubwa endapo ni kimya. Bila neno hilo, dakika ya pili mtu ataongeza sauti, ya tatu atawasha taa za ukumbi kutafuta hitilafu. Dakika 15 za kupima kabla ya mlango kufunguliwa zinatosha, mradi mwendesha projekta alipwe kwa hizo dakika 15.

Watunza hifadhi mnajua kazi yenu kuliko sisi, hivyo tutakuwa wafupi. Msipokee filamu iliyokamilika peke yake. Pokeeni na zile saa 29 zisizotumika, pamoja na daftari linalosema tarehe, saa, mahali na kamera ilielekea upande gani. Baada ya miaka 30 watu wa eneo lile watakuja kuuliza daraja lilikuwa wapi, na jibu litakuwa kwenye shoti iliyoachwa. Kwa faili, kila moja iwe na namba ya uthibitisho (checksum), ambayo kompyuta huikokotoa kutoka kwenye faili lenyewe, iliyopigwa siku ya kupokelewa na kurudiwa kila mwaka, vinginevyo hamtajua nakala ipi imeoza. Kanda za LTO, zile za sumaku za kuhifadhia data, ziangaliwe kizazi chake: mashine ya LTO-8 inasoma LTO-7 lakini haisomi LTO-6, kwa hiyo kanda nzima isiyo na hitilafu inaweza kukosa mashine. Kwa filamu ya asetati, aina ya plastiki, harufu ya siki ni dalili mmechelewa. Karatasi za kupima asidi, zinazotoka buluu kwenda kijani kisha njano, huonyesha mapema. Kopo lililobadilika litengwe na mengine, na yote yakae penye baridi na unyevu chini ya asilimia 50.

Tunaomba kikao cha siku moja na wanaoandika fomu zenu, kabla ya dirisha lijalo la maombi kufunguliwa. Tutakuja na rasimu ya karatasi mbili, mfano wa kibali cha miezi 12, projekta moja na roli ya futi 100. Itachukua chini ya dakika tatu kuiangalia. Haina sauti.

Wenu,

Wapiga picha, wanasa sauti, wahariri, waendesha projekta na watunza filamu wa kujitegemea